Bibi wa Miaka Sita

Salma alikuwa anamsuka mwanawe Jumamosi mchana, nyuma ya duka, alipoona unywele mweupe. Akaung'oa akautupa. Mstari uliofuata akakuta nyingine, zimejificha chini kwenye mashina, na kichwa cha mtoto kinanuka nguo zilizofungiwa sandukuni miaka mingi. Mtoto mwenyewe ana miaka sita. Salma akajiambia ni chokaa ya ukutani, maana mtu akianza kuogopa hutafuta jina jepesi la kile anachokiogopa, akaendelea kusuka.

Mtoto aliitwa Mwanaamina, jina la marehemu mama yake Idrisa. Idrisa ndiye mume wa Salma, anauza dawa za mifugo hapo Katesh. Na nyie mnajua mtoto akibeba jina la bibi inakuwaje. Baba akitoka dukani, "Shikamoo, Bibi." Wajomba wakija kutoka Dongobesh, "Shikamoo, Bibi, umetupikia nini?" Naye anatanguliza tumbo, mikono kiunoni, anaitikia marahaba kwa sauti nzito, watu wanacheka mpaka wanafuta machozi. Akisahau kuitikia anaambiwa hiyo ni dharau, kwa hiyo alijitahidi asisahau. Hakuna wa kulaumiwa hapo, ingawa mimi nikikaa nikafikiri nawalaumu wote.

Alasiri ileile, upepo wa mlimani ulipoanza kushuka, Salma alikuwa jikoni anachagua mchele. Akasikia sauti nyuma ya ukuta, ya mwanamume aliyechoka, inakwaruza.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba," akaitikia Mwanaamina kutoka uani, bila hata kuinua kichwa kwenye mchezo wake.

Salma alidhani ni mfugaji amekuja kutafuta dawa, kasikia utani wa nyumba naye kaudaka. Akatoka kumwelekeza dukani. Hakukuwa na mtu. Palikuwa na ile harufu ya sanduku tu, imetanda kama moshi. Akamuuliza mtoto ni nani yule, na mtoto akamjibu kwamba ni yule mzee anayemsalimia kila siku, tangu mahindi yalipokuwa mabichi.

"Zamani alikuwa anakohoa sana," Mwanaamina akasema. "Sasa hivi anaendelea kupona."

Mahindi yalikuwa yameshavunwa na kupukuchuliwa.

Basi hapo ndipo walipoanza kuhangaika. Meno ya mtoto yaling'oka na hayakuota mengine. Vidole vikakunjamana, akawa anaomba ugali ulainishwe kwa maziwa. Hospitali walimpima damu, wakasema haina tatizo. Shekhe alikuja akasoma, akasoma tena, na ile sauti ikamngoja amalize kwa adabu kabisa ndipo ikasalimia, sasa ikiwa sauti ya mtu mzima mwenye nguvu zake. Wakamkimbiza mtoto Endagikot kwa dada yake Salma. Alasiri ya kwanza tu, nyuma ya ghala la mahindi, kijana wa kiume akasema shikamoo, Bibi. Wakarudi nyumbani, kwa sababu hapakuwa na maana ya kukimbia.

Mwisho Idrisa akamleta bibi mmoja Mbarbaig kutoka Mogitu, mganga, mama wa mteja wake. Bibi huyo hakumsalimia mtu. Alivishika vidole vya mtoto muda mrefu, kisha akawatoa wazazi nje na kuwaambia kwa sauti ya chini kwamba majini hawa si wa Wabarbaig wala si wa msikitini, yeye mwenyewe alikutana nao mara moja tu, na siku hiyo walimshinda.

"Majini wengine wanakaa kwenye maji au kwenye mti, kwa hiyo unaweza kuwatoa," alisema. "Hawa wanakaa ndani ya miaka ya watu. Mtoto akiitikia, amekubali kuwa mkubwa wao. Miaka yake inaenda kwao, uzee wao unabaki kwake. Ukimfukuza leo, yuko kesho anakungoja."

Akawakataza kumsalimia mtoto tena, hata wao wenyewe, hata kwa utani. Mlango umeshafunguka, alisema, na yeyote atakayempa shikamoo akaitikiwa atachota miaka yake. Kisha akafunga shuka lake akaondoka, na hakutaka kusindikizwa.

Kesho yake Idrisa alifunga duka mapema, wakamziba Mwanaamina masikio kwa pamba na kumfunika blanketi, Salma akamlalia juu kwa mikono yote miwili, na Idrisa akaenda kusimama peke yake nyuma ya ukuta, na upepo uliposhuka na harufu ya sanduku ikaja akaanza kusema taratibu, nisalimie mimi, mimi ndiye mkubwa wa nyumba hii, nina miaka mingi mbele yangu ichukue yote, akawa anasema marahaba, marahaba, marahaba, kabla hajasalimiwa, akilia kama mtoto, na hakuna aliyemjibu, ila vinyayo vidogo vilivyompita mbio hadi dirishani, na hapo Salma akasikia sauti ya mwanawe, ile ya zamani, safi, ikisema kutoka nje, "Shikamoo, Bibi," na chini ya blanketi, pamoja na pamba yote ile, kitu kizee kikaitikia.

Baada ya hapo sauti haikuja tena. Idrisa alishukuru. Salma akawa anamwogesha bintiye, anamlisha uji, anamtoa nje asubuhi aote jua.

Asubuhi moja alikuwa anatoka bombani na ndoo kichwani, anawaza maharage aliyoyaacha jikoni. Akaona mwanamke mzee amekaa kwenye kigoda juani, amempa mgongo, amejitanda khanga. Salma alilelewa kwenye nyumba ambayo mtu hampiti mkubwa kimya. Magoti yalijikunja yenyewe.

"Shikamoo."

Mzee akageuka. Hakuwa na jino hata moja, na alifurahi sana kusalimiwa.

"Marahaba, mama," Mwanaamina akaitikia haraka, asije akaambiwa ana dharau.

Kichwa cha mtoto kikamlalia begani polepole. Ndoo ilianguka. Salma akakaa kwenye yale maji, akampakata mwanawe akamwita na kumwita, na mgongo wake, uliokuwa unamuuma tangu alipomzaa, haukuuma tena.