Aliyefungiwa Kiti cha Nyuma

Mkanda wa kiti cha nyuma ulikuwa umefungwa. Hilo ndilo lililomsimamisha mkunga asubuhi ile, mkoba wa kazi begani, mlango wa gari ukiwa wazi mkononi mwake. Mkanda ulikuwa umechomekwa na kukazwa, umetuna kidogo katikati kama uliomshika mtu kifuani, na kiti kilikuwa kitupu. Akaufungua, akasema moyoni labda watoto wa jirani wamecheza humo, akaenda zake kuwapokea watoto wa watu.

Kesho yake akaukuta umefungwa tena, ilhali milango yote aliifunga yeye mwenyewe kwa ufunguo.

Gari lilikuwa la zamani, lenye rangi ya maziwa yaliyochacha. Lilikaa miaka uani kwa mtu aliyelisahau, matairi yamezama ardhini, mpaka mkunga alipolinunua na kulifufua. Alilipenda. Mama mwenye uchungu hana subira, na gari lile halikuwahi kumwangusha njiani. Lakini kadiri siku zilivyokwenda, mkanda ukawa unafungwa popote alipoliacha, hata mchana kweupe mbele ya kliniki, na ndani kukaingia harufu ya nguo iliyokunjwa ikiwa mbichi. Mwisho akachoka kubishana na nafsi yake. Akalipeleka kwa fundi Chaji.

Chaji alikuwa fundi umeme wa magari. Jina hilo alipewa kwa sababu gari lolote likiletwa kwake, liwe limegoma au limegongwa, jibu lake la kwanza lilikuwa lile lile: "Chaji tu hiyo." Karakana yake ilikuwa banda la mabati, na nyumba yake ilikuwa nyuma ya banda hilo, ukuta kwa ukuta. Humo aliishi na mkewe na mama mkwe wake, mwanamke mkimya aliyekuwa akitibu watu waliopagawa. Chaji alimheshimu mkwewe kama inavyotakiwa, ila nyuma ya mgongo wake aliwaambia wenzake, "Mama anatibu hewa, na hewa inapona."

"Kuna mtu analala humu, fundi," mkunga alimwambia. "Anaingia na kutoka, na haibi kitu."

"Mwizi asiyeiba? Huyo kazi imemshinda, dada yangu."

"Usinichekeshe. Harufu yake naisikia."

"Basi tumfungie alamu. Unabonyeza kitufe hapa, milango yote inajifunga yenyewe. Panya akipumua humo ndani, king'ora kinaamsha mtaa mzima."

Siku iliyofuata Chaji alifanya kazi hiyo tangu asubuhi. Magari ya zamani hayakuzaliwa na mambo hayo, kwa hiyo ilimbidi abandue vifuniko vya milango yote minne na kufunga mota ndogo za kuvuta loki, kisha apitishe waya chini ya zulia mpaka mbele. King'ora alikificha ndani ya boneti, na kile kiboksi chenye akili ya alamu akakichimbia ndani kabisa nyuma ya deshibodi, mahali ambapo mwizi angehitaji nusu siku kukipata. Karibu na kioo cha mbele akabandika kitambuzi, kijicho cheusi cha kuangalia kama kuna kitu kinachojongea ndani.

Alipokuwa amelala chali chini ya usukani, miguu nje, tochi mdomoni, alisikia springi za kiti cha nyuma zikilia taratibu, kama mtu mzito anapojisogeza ili akae vizuri. Akanyanyua kichwa. Hakuna mtu. Akarudi kwenye waya zake, akaanza kupiga mluzi.

Alipomaliza alitoka, akafunga milango, akabonyeza rimoti. Loki zikashuka zote kwa pamoja, tak! Mara king'ora kikapasuka. Akazima, akawasha tena, kikalia. Akapunguza ukali wa kitambuzi mpaka mwisho, kiasi kwamba hata ngumi juu ya bati isingekiamsha. Kikalia.

Mchana, akila, alimsimulia mkewe habari hiyo huku akicheka. Mama mkwe alikuwa chumba cha pili, mlango wazi. Akasema kutoka huko, bila kupaza sauti, "Mwambie mwenye gari, kengele ikimlilia aliye ndani, asiizime. Amuulize ni nani."

Chaji akainama juu ya sahani ili asionekane anavyotabasamu. "Tumesikia, mama." Kisha akaenda kumkabidhi mkunga gari lake. "Waya za zamani zina wivu," alimwambia. "Zitazoea."

Hazikuzoea. Mkunga alirudi siku ya tatu, macho mekundu, anatembea kwa miguu pembeni ya gari huku wanaume wawili wakilisukuma, maana alikataa kuliendesha. Wanaume wale wakaliegesha mbele ya banda na kuondoka haraka, wala hawakungoja asante.

"Litoe hilo dude lako," mkunga alinong'ona.

"Limefanya nini?"

"Linalia mpaka majirani wanataka kunifukuza. Nikifungua mlango wa nyuma linanyamaza, kama mtoto aliyepewa ziwa. Nikiufunga linaanza. Na leo, fundi, leo nimeliwasha tu, loki zikashuka zenyewe. Kuna mtu akapumua hapa." Akashika kisogo chake. "Akaniambia, niitie aliyefunga."

"Ulitokaje?"

"Nilimwambia nitakuleta."

Chaji alitaka kucheka, lakini kicheko hakikuja. Jua lilikuwa la saa sita, watu wanapita barabarani na mizigo yao, muuza maji anapiga kelele. Nani aogope saa kama hiyo? Akachukua bisibisi na koleo, simu akaiacha juu ya meza, akaingia akakaa kiti cha dereva. Mlango akauacha wazi, mguu mmoja akaubakiza chini. Ila kiboksi alikichimbia mbali mno. Ili akifikie ilimbidi ajikunje, na ili ajikunje ilimbidi avute mguu ndani.

Mlango ukajifunga. Loki zikashuka.

King'ora kililia mara moja tu, kisha kila kitu kikanyamaza, si king'ora peke yake, bali barabara, muuza maji, redio ya jirani, kila sauti ya dunia ikakatika kama iliyozibwa kwa godoro. Alimwona mkunga nje akivuta kitasa kwa mikono miwili, mdomo wake ukifunguka na kufumba, na hakusikia neno. Akabonyeza rimoti. Akavuta kipini cha loki kwa vidole, kisha kwa koleo, nacho hakikusogea hata unywele. Akageuza koleo akapiga kioo cha mlango kwa nguvu zake zote, na koleo likamrudia mkononi kama aliyepiga mpira, na kioo hakikupata hata alama.

"Betri!" akapiga kelele, akimwonyesha mkunga boneti. "Toa betri!"

Mkunga akaelewa. Akafungua boneti, akachomoa waya wa betri akauinua juu auone. Gari halikuwa na umeme tena, hata tone. Lakini juu ya deshibodi taa nyekundu ya alamu iliendelea kuwaka na kuzima, taratibu, kwa mwendo wa mtu anayepumua usingizini.

Nyuma yake mkanda ukavutwa, ukatambaa juu ya kitu, ukachomekwa. Tak.

Harufu ya nguo mbichi ikamjaa puani mpaka akaihisi ulimini, na joto la gari lililofungwa juani, ambalo lilipaswa kumkausha, likageuka baridi ya chumba cha chini ya ardhi, baridi iliyoanzia kisogoni na kushuka uti wa mgongo pingili kwa pingili, naye akashika usukani kwa mikono yote miwili kama mtu anayeendesha, macho mbele, kwa sababu kioo kidogo cha juu kilikuwa kinamwonyesha ukingo wa bega la mtu na yeye hakutaka kuona lililobaki.

"Nilikuwa nikiingia na kutoka," sauti ikasema. Haikuwa ya kutisha, na hilo ndilo lililomtisha. Ilikuwa sauti iliyochoka. "Sasa nikinyanyuka kinalia. Umenifungia, fundi."

"Sikujua," Chaji akanong'ona. "Wallahi sikujua kama kuna mtu."

"Ulijua. Ulisikia kiti. Ukapiga mluzi."

Machozi yalimtoka bila yeye kulia. Akakumbuka kiboksi, akajipenyeza chini ya usukani, akaanza kukata waya, mwekundu, mweusi, wa njano, wowote uliokuja mkononi, na kila alipokata aliutazama ule alioukata kwanza akauona umeungana tena, mzima, bila kovu, kana kwamba mikono mingine ilikuwa ikifanya kazi upande wa pili wa deshibodi, mikono yenye ufundi kuliko yake na isiyo na haraka, nayo ilikuwa inamngoja achoke.

Alipoinua kichwa, mama mkwe wake alikuwa amesimama nje ya kioo. Mkunga alikuwa amekimbia nyuma ya banda kumwita. Mke wa fundi alikuwa naye, amejishika kichwa. Mama mkwe akaweka kiganja kwenye kioo, na sauti yake ikaingia, ndogo, lakini ikaingia.

"Mwanangu, unanisikia?"

"Nakusikia, mama. Nisamehe, mama."

"Hayo baadaye. Usigeuke. Yupo?"

"Yupo."

"Muulize anataka nini."

Hakuwa na haja ya kuuliza. Jibu lilikuwa tayari sikioni mwake, na ndevu za shavu zikamsimama. "Anataka kutoka."

"Mbona hatoki?"

"Anasema aliyefunga ndiye afungue. Kwa mkono wake. Mlango wa nyuma, mama, kwa ndani."

Mama mkwe aliinamisha sikio kwenye kioo. Mtu wa kazi yake hujua kwamba jini haharakishwi, ahadi yake hupimwa neno kwa neno. Lakini midomo ya mkwewe ilishaanza kuwa ya buluu juani, na binti yake alikuwa akilia kando yake, "Mama, fanya haraka, anakufa, si unaona anakufa?"

"Aape kwanza," akasema. "Aape kwamba atatoka ndani ya gari hili, wala hatarudi ndani yake."

"Naapa," sauti ikasema, na safari hii hata walio nje waliisikia, maana mke wa fundi alirudi nyuma akajikwaa. "Nitatoka ndani ya gari hili. Sitarudi ndani yake milele."

"Mfungulie, mwanangu. Fumba macho."

Chaji akafumba macho, akapanda juu ya viti, akajitupa nyuma. Mlango uliokuwa ukingoja ni ule wa kushoto, na kushoto ndipo alipokuwa amekaa yule jini. Ilimbidi anyooshe mkono mbele ya kifua cha yule, na mkono ukapita katikati ya kitu kama mashuka mabichi yaliyotundikwa kamba nyingi, shuka baada ya shuka, na kila moja lilikuwa zito zaidi na lilimgusa kwa namna ya kumpima, kama fundi cherehani anavyompima mtu urefu wa mkono na upana wa bega, naye akaendelea kunyoosha ingawa hakuna gari duniani lenye upana huo, mpaka vidole vikagusa kipini cha loki.

"Nimekufungulia," akasema.

Kipini kikapanda. Mlango ukafunguka, na kelele zote za barabara zikamwangukia. Akatoka kichwa mbele, akalala kwenye vumbi, akitapika maji.

Mkunga ndiye aliyesogea kwanza. Akachungulia ndani, akanusa. "Imekwisha harufu," akasema, na akaketi chini palepale alipokuwa.

Jioni ile alamu ilitolewa kwa urahisi kabisa, na fundi mwingine wa jirani, dakika chache tu, waya zikikatika na kubaki zimekatika. Mkunga aliendesha gari lake kwenda nyumbani, na kuanzia siku hiyo hakupata nalo shida yoyote.

Chaji walimwingiza nyumbani, wakamwogesha, wakampa uji. Alikuwa mtulivu. Alisema asante kwa kila kitu. Alikaa kwenye kiti akitazama chumba polepole, pembe kwa pembe, na mkewe akafurahi kuona anapumua vizuri. Mama mkwe alikuwa ukumbini akikunja kanga zake. Alihisi kuna neno alilolisahau mchana ule, na halikumjia.

Giza lilipoanza kuingia, mke akasimama kufunga mlango wa chumbani ili mumewe apumzike. Akausukuma, akageuza ufunguo.

King'ora kikalia. Kililia ndani ya chumba kile, kwa nguvu ileile iliyowakera majirani wa mkunga, kikipanda na kushuka, na mke akageuka akamwona mumewe ameketi wima kitini, shingo imekaza, mdomo wazi kadiri kinywa kinavyoweza kufunguka, na sauti ile ilikuwa inatoka humo. Hakuwa anavuta pumzi. Mke akauvamia ufunguo akaukosa, akaupata, akafungua. Sauti ikakatika. Chaji akafumba mdomo, akatabasamu, akasema, "Asante."

Mama mkwe alikuwa kizingitini. Kanga zilikuwa zimemwanguka.

"Nilimwapisha atoke," akasema taratibu. "Sikumuuliza anaingia wapi."

"Mama, unasema nini?"

Mama akazikanyaga kanga. Akamsogelea mkwewe, akapiga magoti mbele yake, jambo ambalo mkwe hamfanyii mkwe, akamshika mashavu na kutazama ndani ya macho yake, mbali, kama mtu anayechungulia gari kupitia kioo cheusi. "Mwanangu," akanong'ona. "Chaji. Uko wapi?"

Tabasamu halikubadilika. Midomo haikusogea. Lakini kutoka ndani sana, nyuma ya meno, nyuma ya koo, walisikia sauti yake halisi, ndogo, ikipiga kelele kama mtu aliyezibwa kwa godoro.

"Niko nyuma, mama. Niko nyuma huku. Imefungwa yote."