Mjapani wa Usangu

Kwenye kibanda cha kujaza muvi pale Mwanjelwa, Shigela alisimama katikati ya wateja na flashi mkononi, masikio yote kwenye spika.

"Huyu dada anayetafsiri katuni za Kijapani," alimwambia msichana aliyebanana naye, "anaongea mpaka unasahau wale watu hawajui Kiswahili."

"Anakaa Ilomba," msichana alijibu, akivuta sweta lake jekundu hadi kidevuni. "Na sasa hivi ana njaa."

Ndivyo alivyokutana na Veneranda.

Mwaka uliofuata Shigela akapata kazi kwenye kiwanda cha karatasi Mgololo, mapenzi yakahamia kwenye simu. Veneranda alikuwa akitafsiri katuni ya wanafunzi walio kwenye likizo yao ya mwisho ya kiangazi: nyenje wanapiga kelele, jasho linawatiririka, utoto unawatoka bila hata kuaga. Yeye, kwa baridi ya Julai ya Mbeya, alirekodi amejifunika blanketi.

Sehemu ya mwisho, msichana anapanda treni. Kijana anayempenda anamtazama tu, hasemi neno, dakika nzima. Veneranda akashindwa kuvumilia. Akamtia mdomoni maneno ambayo Shigela alimnong'oneza kwenye simu: "Nilipokuwa nachunga Usangu, ng'ombe akipotea nililia. Wewe ukipotea, hata sauti ya kulilia sitakuwa nayo."

Muvi ikasambaa. Shigela akazima simu. Siku nne Veneranda chakula hakikupita. Simu ikilia tu, anaikimbilia, kumbe siye. Siku ya tano, mchana, Shigela akapiga.

"Vene, huku naitwa Mjapani wa Usangu! Silvester wa zamu yetu, nikipita analia kama ng'ombe."

"Anaweza?"

"Usinichekeshe, nimekasirika."

"Nilijua umeniacha, Shigela."

"Nilikaribia." Akashusha pumzi. "Yale maneno nilikuwa nayatunza. Nilitaka kuyasema mbele ya mama yako, siku ya posa. Sasa Mbeya nzima inayo. Niombe radhi tu, mpenzi, yaishe. Usipoomba, mimi sijui."

Veneranda alihamishia simu sikio la pili. Neno moja tu, na mtu wake anarudi. Alilitafuta kifuani, hakulikuta.

"Wale watoto wa katuni walinyamaza likizo nzima, wakapotezana," alisema. "Mimi siwezi kukua hivyo. Posa lete, mama yupo. Maneno mengine utayapata njiani. Lakini radhi, Shigela, siombi."