Mbele ya Serikali

Foleni ya kuingia Manispaa ya Toronto ilikuwa imeuzunguka uwanja mzima Jumamosi ile ya Mei, siku ambayo majengo ya serikali hufunguliwa watu wayatembelee bure. Cherono alikuwa katikati ya foleni, gauni la kijani, raba nyeupe, shingo kaiinua kutazama minara miwili mirefu iliyopinda ikielekeana. Binti huyu wa Kericho alikuwa msanifu majengo, na ulimi wake haukujua likizo.

"Aki ona huo mgongo! Zege tupu, hakuna hata dirisha. Nani alilala kazini?"

"Mgongo ni wa baridi, dada. Uso ndio wa watu," sauti ya kiume ilijibu nyuma yake.

Aligeuka. Kijana mrefu, shati la kitenge ndani ya koti, viatu vinang'aa. Aliitwa Gervais, mtu wa Bukavu, na alikuwa akitunza wazee kwenye makao yao kule Thorncliffe Park.

"Kwani nani amekuuliza?"

"Hakuna. Lakini nilisikia Kiswahili, nikajua Mungu ananiita."

Cherono alicheka bila kutaka. Walipotoka mle ndani kila mmoja alikuwa na namba ya mwenzake.

Wengine hupelekana sinema; hawa walipelekana Bungeni, mahakamani na maktabani. Gervais alipenda kugusa kuta za serikali, Cherono alipenda kuzikosoa, na simu hazikukatika.

"Sheri wangu, umekula?"

"Nimekula. Wewe umevaa soksi mbili zinazofanana leo?"

Jambo moja tu lilimnyima Cherono raha. Kibali chake cha kazi kilikuwa ukingoni na ombi jipya lilikuwa halijajibiwa, ilhali Gervais alikuwa raia wa Kanada tangu zamani. Cherono alishawasikia wanawake kanisani wakinong'ona juu ya wasichana walioolewa kwa ajili ya makaratasi. Aliapa hatakuwa mmoja wao.

Septemba, Gervais alimrudisha Manispaa, akamsimamisha mbele ya mlango wa chumba cha kufungia ndoa.

"Cherono, tuoane. Hapa. Upesi."

Moyo wake uliruka kwa furaha, kisha ukaganda. Kwa Wakenya wenzake wa mtaani kwake, St. James Town, harusi ya chumba kile, mashahidi wawili na wazazi hawapo, ilikuwa na maana moja tu.

"Unanihurumia, Gervais?"

"Kukuhurumia? Nakupenda!"

"Baba yangu hata jina lako halijui, na unanileta mahali watu wanaoana mbio mbio wapate makaratasi. Mimi si mzigo wa kusaidiwa."

Akashuka ngazi bila kuangalia nyuma. Usiku alilia, mchana akajifanya yuko sawa, na simu za Gervais akaziacha zilie. Alimpenda mno, na hilo ndilo lililomuumiza.

Wiki zikapita. Jioni moja akashindwa, akapokea.

"Ongea. Nakusikiza."

"Kwetu kuna harusi ya mila, ya kanisa, na ya komine, pale ofisini kwa serikali," Gervais alisema polepole. "Ile ya komine mnashika bendera wote wawili, mkubwa anawaandika. Mama yangu alifanya mbili za kwanza. Ya komine walisema watafanya kesho, kesho. Baba akakufa. Baba wadogo wakamuambia mama, serikali haikujui. Wakamtoa nyumbani na masufuria yake. Nikaapa, mwanamke nitapenda, nitamupeleka mbele ya serikali, mchana, watu wote wakiona. Kwangu hakuna heshima inapita ile."

Cherono alikaa kitandani. Kumbe alichokiona ni aibu, mwenzake alikileta kama zawadi.

"Na kwa nini hukuniambia siku ile?"

"Ulishuka ngazi mbio kuliko Kiswahili yangu."

Cherono akacheka huku machozi yanamtoka. "Nisubiri."

"Nisubiri nini?"

"Wewe nisubiri tu, beb."

Novemba Cherono alimwita uwanjani asubuhi, mbele ya ile minara. Alivaa koti jekundu na skafu ya kitenge aliyopewa na Gervais.

"Kibali kimetoka," alisema.

Gervais alitabasamu, lakini akainamisha macho. "Basi hunihitaji tena."

"Makaratasi ndiyo sihitaji. Wewe nakuhitaji. Sasa niulize tena."

Gervais alitaka kupiga goti kwenye maji ya theluji, Cherono akamshika mkono na kumwelekezea simu. Ndani ya kioo mzee mmoja mwenye kofia, kule Kericho, alikuwa akimkagua.

"Kijana, nimesikia unataka kumwoa msichana wangu mbele ya serikali."

"Ndiyo, mzee."

"Ni vizuri. Na mbele yangu?"

Gervais alilitazama jengo alilolipenda, akamtazama Cherono.

"Mbele yako kwanza, mzee. Serikali itangoja."

Mzee akavua kofia, akacheka mpaka picha ikatikisika. Cherono alimkumbatia Gervais pale pale, hajali nani anaona.

"Na tukirudi hapa," alimnong'oneza, "hiyo bendera yenu, mimi nashika upande wa kulia."