Marudio ya Ngowa

Walicheza watu wanne, lakini kwenye marudio akaonekana wa tano.

Ziad alidhani macho yamechoka. Akaurudisha mchezo nyuma, akautazama tena polepole. Yeye mwenyewe alikuwapo, rafiki yake Ngowa alikuwapo, na vijana wawili wa Nairobi waliocheza nao kwa laini ya simu. Na pale kwenye pembe ya ujia, nyuma ya Ngowa, palikuwa na mtu asiye na jina juu ya kichwa, amesimama ameelekea ukutani. Siku ya mchezo hakuwapo.

Hayo yalikuwa mwaka 1999, huko Kibokoni, mtaa wa kale wa mji wa pwani. Ziad alikuwa amefungua duka la kompyuta chini ya nyumba ya bibi yake, Bibi Shariffa. Mchezo uliowaingia watu kichwani siku zile ulikuwa wa kuwindana ndani ya ngome, na uzuri wake ni kwamba mashine iliweza kuhifadhi kila pambano. Ungeweza kulifungua baadaye ukaliona lote hatua kwa hatua, kwa macho ya mchezaji yeyote umtakaye. Wenyewe waliyaita marudio.

Duka lile lilikuwa na desturi yake. Pambano likiisha, watu huketi mkekani wakaletewa kahawa na kashata, wakatazama marudio mara moja tu, wakachekana wee, kisha Ziad akayafuta na kuapa mbele yao kwamba yamefutwa. Anayetaka kujifunza ajifunze pale pale, aliyemshinda akimwona. Kujifungia peke yako na mchezo wa mwenzako kulihesabiwa wizi, na hakuna aliyehitaji kuandikiwa hilo ukutani.

Basi kwa miezi miwili Ziad alikuwa akiapa wallahi, na michezo ya Ngowa imetulia ndani ya mashine.

Ngowa alikuwa Mgiriama wa Kaloleni, karani huko bandarini, akikaa mtaa wa Buxton na dada yake Dama. Mpole, maneno yake machache. Ndiye aliyemfundisha Ziad kucheza, tangu kushika kipanya. Sasa palikuwa na nafasi moja ya kwenda kushindana Dubai, na kila mtu alijua ni ya Ngowa. Jambo hilo lilimchoma Ziad, tena lilimtia aibu, kwa kuwa alimpenda Ngowa kwelikweli.

Kila siku saa saba unusu za mchana, maduka yamefungwa na mtaa mzima umejinyoosha baada ya chakula, Ziad alijifungia akatazama. Alhamisi wakati huo huo Bibi Shariffa alikuwa na mazoea ya kuteremka kufukiza ubani kwenye kidaka cha ukutani mle dukani, kama alivyofanya mamake, na alikuwa amemwonya mjukuu wake jambo moja tu: ubani ukiwaka asitake haja kwa sauti, maana hajui ataitikiwa na nani. Alhamisi ile Ziad alikuwa ametazama pambano moja mara kumi na moja, asifahamu Ngowa anajuaje adui atatokea wapi. Bibi alikwisha kupanda juu; moshi ukimzunguka, Ziad akasema kwa ghadhabu, "Anayejua na anifundishe."

Alipolirudia pambano mara ya kumi na mbili ndipo akamwona yule wa tano.

Kesho yake mtu yule alikuwa ameugeukia ujia, na chumba kilinuka marashi yaliyochacha. Siku ya pili alikuwa mgongoni mwa Ngowa, mdomo karibu na sikio. Ziad akagundua kwamba mashine ilimruhusu kuchagua macho ya yule mgeni, atazame kwayo. Mwenye akili zake angezima umeme akatoka mbio. Ziad alibonyeza.

Akaona yote. Aliona kwa nini Ngowa husimama pumzi mbili kabla ya kukata pembe, na huwa anasikiliza nini pale. Yakamwingia kwa wepesi wa ajabu, ikawa ni kukumbuka wala si kujifunza.

Jioni ya Jumamosi hiyo alimfunga Ngowa mara tatu mfululizo. Ngowa alicheka, akampa mkono, kisha akabaki kuvitazama vidole vyake. Watu walipotawanyika alimsogelea Ziad.

"Ndugu yangu, michezo yangu huwa waifuta?"

"Wallahi naifuta."

Ngowa akaitikia kwa kichwa. Aliamini, na kuamini kwake kulimkosesha Ziad usingizi. Lakini mchana ulipofika alijifungia tena.

Alhamisi iliyofuata, asubuhi, Dama alikuja dukani. Alisema kwa sauti ya chini kwamba kaka yake amekutwa Makadara amesimama, hajui njia ya kurudi Buxton, barabara aliyoipita miaka sita. Ofisini alipewa karatasi atie sahihi, akauliza jina lake laandikwaje. Sasa alikuwa ndani, hatoki.

"Kila ikifika saa saba unusu," alisema Dama, "ni kama kuna mtu amvuta kitu kichwani. Machozi yamtoka, na ukimuuliza alia nini, hajui."

Ziad alifahamu palepale. Alichokuwa akipokea yeye ndicho kilichokuwa kikimtoka mwenzake. Akamwambia Dama ampe pole, akamsindikiza mlangoni, na ingependeza kusema kwamba alirudi ndani akafuta kila kitu. Hakufuta. Pambano la kuchagua wa kwenda Dubai lilikuwa kesho yake, na alijiambia ni mara hii moja, ya mwisho.

Saa saba unusu, bibi yake alipokwisha kufukiza akapanda juu, akabonyeza, na safari hii harufu ilimjia kabla ya picha, ikamkaa mdomoni, na Ngowa wa kwenye kioo akasimama pumzi mbili, akasimama zaidi, akageuza uso wake polepole kumtazama Ziad machoni, midomo ikimcheza kama ya mtu anayetaka kuita na hana jina la kuita, na hapo hapo Ziad akasikia ladha ya uji wa nyumba asiyowahi kuingia, akasikia sauti ya mwanamke mzima akimwita mtoto kwa Kigiriama, lugha ambayo Ziad hakuijua hata neno, na akamfahamu mwanamke yule, akataka kuitika, akajua kwamba huyo ni mama na kwamba alikwisha kufa, na machozi ya msiba usio wake yakamtiririka, huku pumzi baridi ikimpiga shingoni.

Alipanda ngazi kwa magoti. Alimweleza bibi yake yote, viapo na ubani na ya Dama. Bibi Shariffa hakumkemea. Alijifunika buibui akaenda mwenyewe kumwita Mwalimu Zein, aliyesomesha chuo cha Kurani msikiti wa jirani.

Mle dukani Mwalimu aliandika kombe, aya za kunywewa, kwa zafarani kwenye sahani nyeupe, akalikosha kwa maji ya waridi, Ziad akanywa. Akafukiza buhuri, akasoma mpaka jasho likamlowesha kanzu. Ndipo mdomo wa Ziad ukafunguka, na sauti iliyotoka ilikuwa ya Ngowa.

"Niliitwa. Alitaka kufundishwa, nikamfundisha."

"Toka," alisema Mwalimu.

"Natoka. Sikuja kukaa."

"Na ulichochukua ukirudishe."

"Sikuchukua kitu mimi. Amechukua yeye."

Dirisha likajibamiza, kompyuta zote nne zikazimika, na harufu ikakatika. Mwalimu akakaa kitako, akajipangusa uso.

"Amekwenda," alisema. "Lakini haki ya mja siwezi kukuondolea mimi, mwanangu. Nenda ukamwambie ulilomtenda, akusamehe hali ajua asamehe nini. Pengine Mungu atamrudishia."

Ziad akenda Buxton siku ile ile, jua halijatua. Hakuwahi kufika kwa Ngowa hata mara moja, na hakumuuliza mtu njia. Alijua ni ngazi ipi, na kwamba komeo la mlango huinuliwa kidogo kabla ya kusukumwa.

Ngowa alikuwa ameketi kitini, amenyolewa vizuri, amevaa shati safi. Dama alisimama nyuma yake, mkono begani mwake. Ziad alipiga magoti sakafuni akasema yote, hakujibakishia neno: michezo aliyoificha, kiapo cha kwanza na vyote vilivyofuata, ubani, na ile mara ya mwisho, alipokuwa anajua na bado akabonyeza. Alilia akisema. Ngowa alimsikiliza kwa adabu mpaka mwisho, akainama akamshika mkono.

"Umefanya vyema kusema," alimwambia. "Sasa nenda ukamwambie huyo Ngowa mwenyewe."