Sauti ya Fabiola Kwenye Grupu

Haya yalimpata rafiki yangu Fabiola, pale Maisaka, karibu na uchaguzi wa mwenyekiti wa mtaa. Alikuwa na mimba yake ya kwanza. Jioni moja umeme ulikatika, akaenda kununua mshumaa dukani kwa Mama Careen, mke wa Baltazar aliyekuwa akigombea.

“Shikamoo, mama.”

Hakuitikiwa marahaba.

“Unamwita mume wangu mwizi kwenye grupu la mtaa, halafu unaniletea shikamoo?”

“Mimi? Sijaandika kitu, mama.”

“Hukuandika, umesema! Hata ukijiita Mama Clemence, sauti yako tunaijua.”

Clemence ni jina ambalo Fabiola alikuwa amemchagulia mtoto moyoni, hata mumewe alikuwa hajamwambia.

Mama Careen akabonyeza simu. Gizani ikasikika sauti ya Fabiola kabisa, na kikohozi chake: “Mimi Mama Clemence nawaambia, Baltazar msimchague, ni mwizi.”

Kisha nyuma ya sauti ile mtoto mchanga akaanza kulia, na Fabiola wa kwenye simu akawa anambembeleza.

Fabiola akajishika tumbo. Mtoto wa tumboni, aliyekuwa akicheza tangu asubuhi, alikuwa ametulia tuli, kama anayesikiliza.