Zukini Zilizopitiliza

Kila asubuhi kabla ya saa ya shule, mama yake Chiriku aliingia bustanini na kisu na beseni, akakata zukini, jamii ya maboga marefu yanayoliwa machanga, zilizofikia urefu wa kiganja. Chiriku, binti wa miaka kumi na miwili aliyepewa jina hilo kwa sababu mdomo wake haukujua kupumzika, alimfuata nyuma akimwagilia. Jumanne mama aliteleza kwenye tuta, akateguka kifundo cha mguu, na kisu kikahamia kwa Chiriku.

Maagizo yalikuwa mafupi. Akate kila siku, hata kama jana yake alikata, na azihifadhi jikoni chini ya kitambaa chenye unyevu. Jumamosi asubuhi mpishi wa hoteli angekuja kuchukua beseni zima, maana alikuwa na wageni arobaini. Tena alikwishasema kwamba akizikosa safari hii, atahamia kwa mkulima mwingine. Mama hakuwa na mteja mwingine.

Jumatano Chiriku alizitazama zukini, akaona ni hasara kukata vitu vidogo namna ile. Akiziacha mpaka Ijumaa zitanenepa, beseni litajaa upesi, na mama atajua kwamba alizaa mtoto hodari. Tamaa hiyo ingesameheka. Kilichoharibu mambo ni jibu alilolitoa jioni, mama alipomuuliza kama amekata.

"Nimekata," alisema.

Alhamisi alijibu hivyo hivyo. Ijumaa alitoka shuleni mbio, akainua majani. Zukini zilikuwa nene kama mkono wa mwashi. Alibonyeza moja kwa ukucha, ukucha haukuingia. Aliipasua, akakuta mbegu ngumu na nyuzinyuzi. Hata vitoto vilivyoanza kutunga vilikuwa vimenyauka, kwa kuwa zile kubwa zilinyonya nguvu yote ya shina. Alitafuta changa bustani nzima, akapata nne tu.

Aliwaza kuzifukia zote na kusema zimeibiwa. Aliwaza kuzipanga kubwa chini na zile nne juu, mpishi asione mpaka afike kwake. Akiwa bado anawaza, mama aliita kutoka chumbani, akataka aletewe beseni alione.

Chiriku alisimama mlangoni na beseni lenye zile nne tu.

"Za jana na juzi ziko wapi?" mama aliuliza.

"Sikukata, mama. Nilikudanganya. Nilitaka zinenepe."

Mama alifumba macho. Kisha mama aliuliza ni saa ngapi. Ilikuwa saa kumi na moja. Akamwambia achukue mbili kati ya zile kubwa, aende kwa mpishi sasa hivi, na aseme kwa mdomo wake mwenyewe kama alivyosema pale.

Mpishi alizibonyeza, akakunja uso. Alisema ngozi kama hiyo ni ya kushonea viatu, si ya kukaanga. Halafu akageuka kuyatazama masufuria yake.

"Ningezikuta hizi kesho, ningeaibika mbele za watu, na mama yako nisingemrudia," mpishi alisema mwishowe. "Sasa nina muda. Nitazitoa mbegu, nizijaze nyama, nizioke. Leta zote leo. Lakini Jumanne nataka changa."

Jioni ile ile Chiriku alikata zote, akampelekea, mashina yakapumua. Kufikia Jumanne yalikuwa yamezaa tena. Alikata za kiganja, na mpishi alipokuja alilichukua beseni bila neno. Kwa mtu yule, hiyo ilikuwa sifa tosha.

Mama alikuwa amekaa kibarazani, mguu juu ya kigoda. Alimwita mwanawe karibu.

"Ukiiacha zukini kwenye shina, inakomaa na kulichosha shina lote," alisema. "Kosa nalo ni hivyo hivyo, mwanangu. Niletee likiwa changa, tutajua la kufanya."

Chiriku aliitikia kwa kichwa.

"Mama, nimekanyaga shina moja, limevunjika."

"Lini?"

"Sasa hivi, nilipokuwa nakuja."

Mama akacheka mpaka mguu ukamuuma.