Jina Halikwanguliwi

Wakati wa uji, watoto wa shule moja ya msingi huko Nyakahura walipiga kelele mpaka ng'ombe wa barabarani wakageuka kutazama. Kezia peke yake alikaa kimya barazani na kikombe chake. Alikuwa mwanafunzi wa darasa la nne.

Kezia hakuzaliwa bubu. Siku moja alisimama darasani akasema, "Mwarimu, karamu yangu imepotea." Alitaka kusema kalamu, ya kuandikia. Lakini kwao, kama kwa wengi wa huku, l na r hupishana mdomoni bila kubisha hodi. Darasa zima likaangua kicheko. "Karamu! Pilau iko wapi?" Tangu siku hiyo wakamwita Karamu, naye akafunga mdomo wake.

Mtu mzima mmoja tu ndiye aliyekaa naye. Huyo alikuwa Domisiana Laurian, binti wa wakulima wa Bugarama. Alikuwa na stashahada ya ustawi wa jamii. Alijitolea pale shuleni kuwasikiliza watoto wenye shida. Hakumlazimisha Kezia kuongea. Walimenya karanga pamoja, basi. Taratibu Kezia akaanza kumnong'oneza neno mojamoja.

Ndipo mwalimu mkuu, Mwalimu Nduwayo, alipomwita Domisiana ofisini.

"Kazi yako naiona," alisema. "Lakini mtu anayekaa faragha na watoto wa watu lazima awe na leseni ya taaluma yake. Bila leseni, muhula ujao siwezi kukupokea."

"Hata kama watoto wananiamini, Mwalimu?"

"Hata mtu mbaya watoto humwamini, binti yangu. Leseni inawaambia wazazi kwamba umesomea. Na kwamba ukikosea, yupo wa kukuwajibisha."

Domisiana alikasirika, tena sana. Lakini alijua ni kweli. "Basi nitaitafuta," alisema. "Na nitarudi. Usimpe mtu mwingine nafasi yangu!"

Aliomba leseni kwenye mtandao, kwa bodi inayosimamia taaluma yake. Aliambatisha vyeti vya shule na chuo, cheti cha kuzaliwa na kitambulisho cha taifa. Haukupita muda ombi likarudi. Majina hayalingani. Kwenye vyeti vyote alikuwa Domisiana Laurian. Kwenye kitambulisho alikuwa Domisiana Raurian.

Alijua mara moja kosa lilikotoka. Siku ya kujiandikisha aliulizwa jina la baba, akalitamka kama linavyotamkwa nyumbani. Karani akaandika alichosikia. Naye akatia sahihi bila kusoma.

Alikwenda kwa Anold, kijana mwenye duka la kuchapa na kutoa nakala pale gulioni, karibu na barabara.

"Ni hilo tu?" Anold alicheka. "Lete hapa. Naifuta hiyo R kwenye kompyuta, naweka L, nakuchapia. Nani atajua?"

"Mimi nitajua."

"Wewe nawe! Herufi moja tu, dada yangu. Watu wote wanafanya hivyo."

Muhula ulikuwa unakwisha. Alimfikiria Kezia, peke yake barazani. Mkono wake ukaenda kwenye mkoba kutoa kitambulisho. Kisha akaurudisha.

"Anold, unataka niibe jina langu mwenyewe? Jina halikwanguliwi kama ugali mkavu wa sufuriani. Sitaki!"

"Haya, kaa na R yako. Tutaona kama itakulisha."

Jioni alimweleza jirani yake, Bi Swabaha. Wazee wa Bi Swabaha walikuja huku kutoka pwani na biashara ya nguo. Yeye mwenyewe alikuwa afisa ustawi wa jamii wa kata, na leseni yake alikuwa nayo.

"Shikamoo, Bi Swabaha."

"Marahaba, mwanangu. Mbona uso umeukunja?"

Alipoambiwa, Bi Swabaha alicheka mpaka akajifuta machozi kwa upindo wa khanga. "Nyie watu wa huku na hiyo r yenu! Juzi mgeni kaniambia amekuja kura. Nikamuuliza, uchaguzi umeanza lini?"

Domisiana hakucheka. "Utani huohuo ndio uliomfunga mdomo mtoto mmoja pale shuleni."

Bi Swabaha akaushusha upindo wa khanga. "Kweli," alisema. "Niwie radhi, mwanangu. Sasa nisikilize. Umefanya vizuri kumkatalia Anold. Kughushi kitambulisho ni kosa la jinai. Ukigundulika unakosa leseni, unakosa kazi, na kifungo kinakungoja."

"Sasa nifanyeje?"

"Kitambulisho kinarekebishwa na ofisi iliyokitoa. Kwanza nenda kwa wakili, mjini Biharamulo, ukaape. Kiapo kitasema kwamba Domisiana Raurian na Domisiana Laurian ni mtu mmoja. Ukichukue pamoja na cheti cha kuzaliwa, uende ofisi ya vitambulisho, uombe marekebisho. Kikiwa tayari, omba leseni upya. Na ada ulipe kwa namba ya malipo utakayopewa na mfumo. Usitume kwenye simu ya mtu anayejidai anakusaidia."

"Itachukua muda."

"Itachukua. Lakini ikija, hakuna atakayekunyang'anya."

Domisiana alikwenda Biharamulo. Wakili alishika kalamu, akatabasamu. "Jina la baba ni Laurian, kwa L, eti?"

"Baba anajiita Raurian, na ataendelea hivyohivyo. Mdomo ni wake," alisema Domisiana. "Kwenye karatasi andika Laurian, kama vyeti vinavyosema. Na leo nasoma kwanza, sahihi baadaye." Akasoma kwa kidole, herufi kwa herufi.

Muhula ulifunguliwa bila yeye. Ilimuuma sana. Hata hivyo hakuingia shuleni kwa mlango wa nyuma. Alimsalimia Kezia njiani tu, mama yake akiwepo.

"R imekulisha?" Anold alimwuliza.

"Maji ya ugali bado yanachemka," alimjibu, akapita.

Kitambulisho kilikuja kikiwa kimerekebishwa. Akaomba upya, na safari hii leseni ikatoka. Alikwenda kuichapisha kwa Anold yuleyule. "Nichapie hii," alisema. "Na usiguse herufi hata moja!" Anold akachapa bila kuinua macho.

Mwalimu Nduwayo aliisoma leseni, akampa mkono. Akampeleka darasa la nne akiwa na daftari la mahudhurio ya wafanyakazi mkononi. "Huyu sasa ndiye mnasihi wenu," aliwaambia watoto. "Domisiana, saini hapa."

Domisiana akapapasa mifuko. Hakuwa na kalamu. Darasa likangoja.

Kezia akasimama. "Mwarimu," alisema, "chukua karamu yangu."

Nyuma mtu akaanza kucheka. Kezia akageuka, akamkazia macho.

"Ndiyo, karamu," alisema kwa sauti ya kusikika mpaka nje. "Ilipotea. Nimeipata."

Kicheko kikakatika. Domisiana akaipokea kwa mikono miwili, akaandika jina lake lote.